Mdoli Hauzikwi

Kuna kauli imeota mizizi kuanzia vijiwe vya Igwachanya hadi stendi ya Makambako, na anayeipinga huonekana amesoma akapitiliza. Kauli yenyewe ni kwamba nesi hapikwi kwa mdoli, nesi anapikwa wodini. Wazazi wenye watoto vyuoni wanaisema. Wauguzi wastaafu wanaisema kwa sauti ya mamlaka. Wagonjwa wanaisema wakimtazama mwanafunzi anavyotetemeka na sindano mkononi. Wapo hata wakufunzi wanaoisema, huku ufunguo wa chumba cha mazoezi ya vitendo uko mfukoni mwao.

Huku kwetu hilo si neno la kupitisha muda. Wilaya ya Wanging'ombe mkoani Njombe, yenye makao yake Igwachanya, ina chuo cha afya pale Ilembula, ubavuni mwa hospitali ya Kilutheri. Ukipanda Makete unakikuta chuo cha Bulongwa. Familia nyingi zimeuza viazi, mbao au parachichi ili binti asomee uuguzi. Mtu akija kusema ada hiyo inaishia kwenye kuchezea midoli, amegusa jasho la watu.

Haki inataka hoja isemwe kwa ubora wake kabla ya kuvunjwa, kwa hiyo nitaisema. Mdoli haulii, hauogopi, hauna mume anayegonga mlango wala mama mkwe anayeuliza kila dakika kumetokea nini. Mshipa wa plastiki haukimbii. Wa bibi wa miaka 70 aliyeishiwa maji mwilini unakimbia. Manesi wa zamani, wale waliomtambua mgonjwa anayezidiwa kwa kumtazama tu anavyopumua, walifunzwa na wagonjwa. Hospitali zetu zina siku glavu zinaisha na ndugu anatumwa duka la dawa. Katika hali hiyo, kununua sanamu la mpira kwa fedha nyingi ni dhihaka. Tena wahitimu wa siku hizi wanafika kituoni na vyeti vizuri na mikono mizito, jambo linaloonyesha kwamba vyuo vimeikimbia wodi vikahamia kwenye maigizo.

Hizo ni hoja nzito, na baadhi zina ukweli ndani yake. Taabu ni kwamba ukizipanga zote juu ya meza moja, zinaanza kupigana zenyewe.

Kwanza: wodi ipi hiyo?

Wodi inayosifiwa vijiweni ina mgonjwa mmoja, sista mmoja mwenye subira, na mwanafunzi mmoja anayeelekezwa polepole mpaka mkono wake uzoee. Ni wodi nzuri mno. Ningependa kuonyeshwa iliko.

Wodi tunayoijua sisi ni nyingine. Vyuo vimeongezeka nchini na vitanda havikuongezeka kwa mwendo huo. Kundi la wanafunzi wa fildi linaingia leba, pengine wa vyuo viwili tofauti kwa wakati mmoja. Mama anasukuma. Wa mbele wanaona, wa katikati wanaona mabega ya wenzao, wa nyuma wanasikia. Zamu ikiisha wote wanatoa vitabu vyao vya fildi visainiwe, na muuguzi wa zamu, ambaye hajala tangu asubuhi, anasaini. Kwenye karatasi wamezalisha wote.

Wodi nayo ina tatizo ambalo wingi wa vitanda hauliondoi: kinachoua hakifuati ratiba ya fildi. Kati ya watoto 100 wanaozaliwa, takriban 10 huhitaji kusaidiwa kidogo ili waanze kupumua, yaani kukaushwa vizuri na kusuguliwa mgongo. Watatu hadi sita kati ya hao 100 huhitaji kupumulishwa kwa mfuko na barakoa. Chukua mwanafunzi mwenye bahati, aliyesimama karibu kabisa na kitanda katika uzazi 20. Mtoto wa kupumulishwa atakutana naye mmoja, labda asikutane naye kabisa. Na siku ya kukutana naye, mkunga mzoefu atamsogeza kwa kiwiko na kuushika mfuko mwenyewe. Anafanya vema, dakika ya kwanza ya mtoto asiyepumua si ya kufundishia. Ila mwanafunzi wetu amejifunza nini hapo? Amejifunza kupisha. Atahitimu, atapangiwa zahanati ya kijijini, na usiku atakapokuwa peke yake, mtoto wa kwanza atakayempumulisha maishani mwake atakuwa wa kwako.

Damu ya baada ya uzazi ni hivyohivyo. Karibu wanawake 6 kwa 100 hupoteza nusu lita au zaidi. Wanaopoteza lita nzima ni kama 2. Kifafa cha mimba ni adimu zaidi. Wodi hufundisha vizuri kinachotokea kila siku: kupima presha, kutandika, kugawa dawa, kupeleka sampuli maabara. Kwa hayo sina ugomvi nayo. Anayetaka imfundishe binti yake dharura anataka dharura zije nyingi, na sidhani kama amelifikiria hilo hadi mwisho.

Pili: mkuki kwa nguruwe

Mtazame huyu mtetezi wa wodi siku mkewe anaposhikwa na uchungu. Anaingia mapokezi, anasalimia kamwene kwa adabu zote, kisha anauliza kwa sauti ya chini: leo zamu ya nani? Akiambiwa ni wanafunzi, anaomba aitwe mtu mzima. Ana jirani anayemfahamu matroni, atapiga simu. Akiwa na uwezo kidogo, atampeleka mkewe mbali zaidi, kwa madaktari wenye majina. Ukimkumbusha kwamba nesi anapikwa wodini, na kwamba mkewe ni sehemu ya hiyo wodi, atakutazama kama umemtukana.

Simlaumu kwa kumpenda mkewe. Ninachouliza ni nani atakayebaki kitandani baada ya wenye simu kuondoka. Atabaki mke wa mkulima wa Saja au Kijombe, aliyekuja kwa bodaboda, asiyemjua matroni wala daktari, na ambaye hakuna aliyemwambia: mama, huyu binti hajawahi kufanya jambo hili kabla ya wewe. Kila muuguzi duniani ana mara yake ya kwanza. Kosa la mara ya kwanza lipo, litatokea, na lazima litue mahali. Kauli ya "atajifunzia wodini", ukiivua adabu, inasema litue kwa maskini. Wanaoisema hawana nia hiyo, najua. Lakini ndivyo mambo yanavyokwenda kila siku, kwa utulivu kabisa, bila mtu yeyote kuamua.

Hapo nimesema juu ya mgonjwa tu. Yupo na mwanafunzi mwenyewe.

Utafiti wa kitaifa wa VVU wa 2022-2023 uliukuta mkoa wa Njombe na maambukizi ya asilimia 12.7 kwa watu wa miaka 15 na kuendelea, ya juu kuliko mkoa mwingine wowote. Kwa taifa zima yalikuwa asilimia 4.4. Wengi wa wenzetu hao wanatumia dawa na virusi vyao vimefubaa, na hilo lisemwe kwa sauti. Hata hivyo wapo wasiopimwa, wapo walioacha dawa, na kuna homa ya ini ambayo watu hawaitaji sana. Sasa mchukue binti wa miaka 19 ambaye mkono wake haujawahi kushika kanula. Mkabidhi mgonjwa anayejipinda kwa maumivu, mshipa usioonekana, taa hafifu, na sanduku la sindano zilizotumika lililojaa mpaka mdomoni. Akijichoma, ataanza dawa za kinga za siku 28, na majibu ya mwisho atayasubiri kwa muda mrefu zaidi ya hapo, huku akishindwa kumwambia mama yake nyumbani. Kuna mkono wa plastiki wenye mirija na maji mekundu ambao angeuchoma mara 50 mpaka vidole vyake vijue njia. Upo wapi? Umefungiwa. Sisi tunasema mdoli ni mchezo.

Katika mkoa wowote nchini hoja ya kuanzia kwa mgonjwa ni dhaifu. Kwa Njombe ni ya hatari.

Tatu: hao wa zamani

Katika kila mjadala wa uuguzi lazima afike bibi mmoja aliyezalisha kijiji kizima kwa taa ya chemli, na akifika, sote tunanyamaza kwa heshima. Nami namheshimu. Ila kumbukumbu ya kijiji huwahesabu waliopona. Watoto waliozaliwa wakiwa wameshachoka, wakazikwa asubuhi bila jina, hawakai kijiweni kutoa ushahidi juu ya mafunzo ya zamani. Kwa ajili yao tulikuwa na maneno mengine: mapenzi ya Mungu, mkono wa mtu, mtoto hakuwa riziki.

Si kweli pia kwamba mdoli ni jambo la juzi lililokuja na kompyuta. Mwaka 1759 mfalme Louis XV wa Ufaransa alimpa mkunga Angélique du Coudray kibali cha kuzunguka mikoani kufundisha uzalishaji. Wanafunzi wake wengi walikuwa wanawake wa vijijini wasiojua kusoma. Alibeba kiuno cha mwanamke kilichoshonwa kwa kitambaa na ngozi, pamoja na mtoto wa kitambaa ambaye angeweza kugeuzwa, kutanguliza matako au kutoa mkono. Alizunguka hivyo hadi 1783, na mdoli wake mmoja bado unahifadhiwa mjini Rouen. Shule ya Florence Nightingale pale London, ambayo wapenzi wa wodi huitaja kama chimbuko la kila kitu, ilifunguliwa 1860, miaka mia moja baadaye. Mwaka 1911 shule ya wauguzi ya Hartford, Marekani, ilimwagiza mshona wanasesere Martha Chase atengeneze mgonjwa wa kujifunzia kumgeuza na kumwogesha. Aliyeuleta ulimwenguni mdoli wa kupulizia pumzi, mwaka 1960, alikuwa mtengenezaji wa vitu vya watoto wa Stavanger, Norwei, Asmund Laerdal. Kwa hiyo wanaoviita vifaa hivi vya kuchezea wana haki kidogo ya kihistoria. Vilitoka huko kweli.

Lakini kwa nini twende Ulaya? Wazaramo walikuwa na mwana hiti, sanamu ndogo la mti ambalo mwali alikabidhiwa alitunze akiwa ndani. Katika jando na unyago za makabila mengi ya Tanganyika vinyago vya udongo vilifinyangwa kwa kazi ya kufundishia tu. Hans Cory aliviandikia kitabu kizima mwaka 1956. Kungwi hakumwambia mwali, "utajua hukohuko kwa mumeo." Alimweka ndani, akampa sanamu, akamwigizia, akamcheka alipokosea, akamrudisha mwanzo, na hakumtoa mpaka aridhike. Mambo mengine ya unyago tumeyaacha kwa sababu nzuri. Hili la kufundisha kabla ya kukabidhi mtu halikuwa na ubaya, na ndilo tuliloliacha kwa haraka kuliko yote.

Nne: mdoli haulii

Haulii, ni kweli. Wapinzani hulisema hilo kama mtu aliyetupa karata ya mwisho.

Niwaulize: wodi imewafundisha nini manesi wetu juu ya kilio? Utafiti uliofanywa mkoani Tanga, wilaya za Korogwe na Muheza, uliwauliza wanawake waliokuwa wakiruhusiwa kutoka baada ya kujifungua kama walidharauliwa au kunyanyaswa. Takriban 19 kwa 100 walisema ndiyo. Walipofuatwa nyumbani wiki kadhaa baadaye, mbali na masikio ya wahudumu, kundi lililosema ndiyo lilifikia 28 kwa 100: kufokewa, kutukanwa, kuachwa peke yao. Hakuna mtaala wenye somo la kumfokea mama anayesukuma. Somo hilo linafundishwa wapi basi? Linafundishwa wodini, bila mtihani, na waliotangulia, kwa mwanafunzi anayetazama na kuona kwamba anayefoka ndiye anayeogopwa na ndiye anayeonekana ameiva.

Wodi ni mwalimu mwenye nguvu, hilo nakubali kuliko wanavyokubali wao. Inafundisha kila kilichomo ndani yake. Inafundisha kuchora partografu, ile chati ya mwenendo wa uchungu, baada ya mtoto kuzaliwa. Inafundisha kukifumbia macho kifaa kichafu. Mwanafunzi aliyeingia akiwa hajui njia sahihi hana chochote cha kulinganishia. Njia ya mkato ndiyo njia aliyoikuta.

Na wanaosema mdoli haulii hawajauona ukitumiwa. Kuna mdoli wa uzazi unaovaliwa tumboni kama aproni na mtu mzima wa kweli. Ndani yake kuna mtoto na mfuko wa maji mekundu. Aliyeuvaa anapiga kelele, anakataa kuguswa, anamwita mama yake, anakutukana ukimkosea heshima, na akiamua, anafungua damu itiririke mpaka sakafuni huku mwenzako amesahau oksitosini iko wapi. Baada ya zoezi mnakaa chini. Aliyekuwa mama anakwambia: uliponigeuzia mgongo niliogopa. Mgonjwa gani wa kweli, akiwa kitandani kwenye mamlaka yako, atathubutu kukwambia hivyo?

Tano: Haydom, na wanaosoma nusu ya ukurasa

Mpinzani aliyesoma kidogo atakuja na silaha hii, nami nitaitoa mwenyewe nimpunguzie safari. Hospitali ya Kilutheri ya Haydom, mkoani Manyara, iliwapa wahudumu wake mafunzo ya siku moja ya kumsaidia mtoto mchanga kupumua, kwa mdoli. Matokeo yaliyochapishwa 2013 yalionyesha kwamba walipopimwa kwenye mdoli walikuwa wameimarika sana. Kwa watoto wa kweli, hakuna kilichobadilika.

Hapo msomaji wa nusu ukurasa hufunga kitabu na kwenda kijiweni kushangilia.

Ukurasa unaendelea. Haydom hawakuutupa mdoli. Waliitupa siku moja. Waliuhamishia mdoli leba, wakaanza mazoezi mafupi, ya dakika chache, ya mara kwa mara, palepale kazini. Ripoti ya 2015 ilionyesha vifo vya watoto ndani ya saa 24 vimeshuka kutoka 11.1 hadi 7.2 kwa kila watoto 1,000. Kutoka hapo ukazaliwa mpango wa hospitali 30 katika mikoa mitano, Manyara, Tabora, Geita, Shinyanga na Mwanza, uliofuatilia uzazi zaidi ya 280,000. Matokeo yake yalichapishwa 2025 katika jarida la tiba la New England, na yalionyesha vifo vya watoto kabla na mara baada ya kuzaliwa vimeshuka kutoka 15.3 hadi 12.5 kwa 1,000. Hayakulingana mikoa yote, na mazoezi yalikwenda pamoja na vifaa vipya na ufuatiliaji wa takwimu. Anayetaka kuupa mdoli sifa yote peke yake anadanganya. Njombe haikuwemo katika mikoa hiyo.

Sasa atasema: hao walikuwa wahudumu walioajiriwa, wewe unazungumzia wanafunzi. Sawa kabisa, na hilo ndilo lililopaswa kumkosesha usingizi. Hao walikuwa na wodi kila siku. Walikuwa wamezalisha mamia. Kama wodi ndiyo inayopika, walikuwa wameiva zamani. Ilikuwaje basi dakika chache na kitoto cha mpira kilichojazwa maji ziwafundishe kitu ambacho miaka yote ile wodini haikuwafundisha?

Takwimu za taifa nazo hazimpi pa kujificha. Mwaka 2015-16 asilimia 63 ya uzazi nchini ulitokea kwenye vituo vya afya. Mwaka 2022 ilikuwa 81. Akina mama wameitikia wito, wamekuja. Vifo vya watoto wa chini ya siku 28 vilikuwa 25 kwa 1,000, vikawa 24. Tumewaleta kwenye mikono yetu, na mikono yetu haikuwa tofauti sana na sakafu ya nyumbani.

Juu ya wanafunzi wenyewe, upo utafiti mkubwa wa Marekani wa 2014 uliohusisha vyuo 10. Nusu ya saa za wodini iliondolewa ikawekwa mazoezi ya kuiga, na wahitimu hawakuwa dhaifu kuliko wenzao, si kwenye mtihani wa leseni wala kazini. Siutumii kudai tupunguze wodi kwa nusu. Vyuo vile vilikuwa na walimu waliofundishwa kuendesha zoezi na kuongoza mjadala baada yake. Mdoli ukiachiwa mwalimu asiyejua kuutumia ni mzigo wa mpira tu.

Sita: glavu hakuna, mnanunua midoli

Hii ndiyo hoja inayopigiwa makofi. Ingekuwa nzuri zaidi kama wanaoitoa wangekuwa wameonekana mara moja wakidai glavu. Bajeti ya mdoli ikifutwa, glavu haziongezeki, zinabaki palepale.

Gharama ya mdoli inatajwa kwa sababu ina risiti. Ipo nyingine isiyo na risiti. Mtoto aliyekosa hewa dakika za mwanzo akapona nusu, akabaki na mtindio wa ubongo, ataishi. Mama yake atambeba mgongoni hadi atakapofika umri wa kwenda shule, na baada ya hapo ataendelea kumbeba. Ataacha shamba. Mume pengine ataondoka. Kliniki ya mazoezi ya viungo iko mbali, nauli haipo. Miaka 20 ya mwanamke mmoja haionekani kwenye kitabu chochote cha mhasibu wa halmashauri, kwa hiyo tunasema mdoli ni ghali.

Tena si lazima uwe wa ghali. Wa kufundishia kumpumulisha mtoto unakunjwa, unajazwa maji ukae na uzito wa mtoto, unaingia kwenye begi. Kiuno cha du Coudray kwa sehemu kubwa kilikuwa kitambaa na pamba, na mafundi cherehani wa Makambako hawashindwi na kitambaa na pamba. Sindano ya kwanza duniani kote wamezoea kuichoma kwenye chungwa. Huku machungwa ni ya kuletwa, lakini parachichi tunazo mpaka tunalisha nguruwe.

Kilicho ghali ni muda wa mwalimu, na hapa ugomvi wangu unahama kutoka kijiweni kwenda kwa wale wanaojiita upande wangu. Wapo wanaouamini mdoli kwa kuununua tu. Unafika, unapigwa picha na mgeni rasmi, unavuliwa nailoni siku ya ukaguzi na kuvishwa tena kesho yake. Ufunguo uko kwa mtu mmoja. Huyo mtu ana semina Dodoma. Mwanafunzi anauona mdoli wiki moja kabla ya mtihani wa vitendo, anajifunza kusema "nimenawa mikono" bila kunawa, anapata alama, na siku mbili baadaye yuko leba. Kisha wazee wanamtazama alivyo mzito wa mikono na kusema: mnaona, midoli haifundishi. Ni kweli haikufundisha. Ilikuwa ndani ya nailoni.

Huo ndio ushahidi mkuu wa kijiwe, na ni ushahidi juu ya kabati.

Ombi dogo lenye kukera

Mwanafunzi ataenda wodini. Hakuna anayesema asiende. Tukiondoa wodi tutapata mahodari wa plastiki. Ninachotaka ni mpangilio: asichome mshipa wa mtu kabla hajauchoma wa mpira mbele ya mkufunzi mpaka akapata mfululizo bila kukosea, asiushike mfuko wa kumpumulisha mtoto wa mtu kabla vidole vyake havijajifunza kuziba barakoa gizani. Chumba cha mazoezi kiwe wazi jioni, na ufunguo akae nao kiongozi wa darasa. Leba iwe na kitoto kimoja cha mpira juu ya meza, na zamu zinapobadilishana watu washike dakika tano kabla ya kupokezana wagonjwa. Mama aambiwe aliyesimama mbele yake ni nani na amefanya mangapi, na akikataa, asinuniwe.

Na kile kitabu cha fildi kiongezewe safu moja, kabla ya safu ya mgonjwa: tarehe aliyofaulu kwenye mdoli, na sahihi. Nimelipendekeza hili kwa watu kadhaa wa kazi hiyo, na swali lao la kwanza limekuwa lilelile. Nani atakuwa na muda wa kusimama, kutazama kila mwanafunzi mpaka mwisho, ndipo asaini?

Swali zuri. Ila kitabu hicho kimejaa sahihi tayari, na chini ya kila moja pameandikwa kwamba aliyesaini ameona.